Nani, Wapi, Lini, na Umejuaje: Kiswahili cha Mpelelezi Mwenye Kamera, Loliondo na Kwingineko



Utangulizi

Mhadhara huu unamhusu msimulizi wa aina moja ambaye taaluma ya Kiswahili inapaswa kumtazama kwa karibu zaidi, naye ni mtengenezaji wa filamu za hali halisi anayechunguza makosa ya jinai. Msimulizi huyu si askari wa upelelezi, kwa hiyo hana mamlaka ya kumkamata mtu. Si hakimu, kwa hiyo hana mamlaka ya kumtia mtu hatiani. Alicho nacho ni kamera, kinasa sauti, mashahidi waliokubali kusema, na lugha. Hata hivyo, baada ya dakika sitini za filamu yake, watazamaji huondoka wakiwa wamekwisha kuamua ni nani aliyetenda. Hukumu hiyo haina rufani.

Katika Afrika ya Mashariki, jina linalojulikana zaidi katika kazi hii kwa Kiswahili ni la Mohammed Ali wa kituo cha televisheni cha KTN nchini Kenya, aliyetangaza kipindi cha Jicho Pevu kabla ya kuchaguliwa kuwa mbunge wa Nyali mwaka 2017. Jina la kipindi hicho lilichaguliwa kwa ufundi. Tunda pevu ni tunda lililokomaa, hata kama bado halijaiva, na jicho pevu ni jicho lililokomaa kiasi cha kutodanganyika. Mwenzake, John-Allan Namu, alisimulia uchunguzi wa namna hiyo kwa Kiingereza. Mwezi Oktoba 2013, baada ya makala yao kuhusu shambulio la Westgate jijini Nairobi, lililoua watu 67 mwezi uliotangulia, mkuu wa polisi wa Kenya alitangaza kwamba wanahabari hao wangekamatwa. Tangazo hilo lilipingwa vikali na umma. Tukio hilo linaonyesha kwamba maneno ya filamu ya uchunguzi yana uzito unaokaribia ule wa maneno ya mahakamani.

Swali la mhadhara huu ni la kiisimu: Kiswahili kinampa mpelelezi mwenye kamera nyenzo gani za kusema ukweli kuhusu jinai, na kinamwachia mianya gani ya kusema zaidi ya anachokijua? Uwanja wa kulipima swali hili ni Loliondo, katika Wilaya ya Ngorongoro, Mkoa wa Arusha, kwenye mpaka wa Tanzania na Kenya na jirani na Hifadhi ya Taifa ya Serengeti. Mahali hapo pamechaguliwa kwa sababu mbili. Kwanza, kwa zaidi ya miaka thelathini pamekuwa na migogoro ya ardhi iliyozaa mashtaka, majeruhi na vifo, huku kila upande ukiwa na masimulizi yake. Pili, shahidi wa huko mara nyingi huzungumza Kimaasai au Kisonjo nyumbani, Kiswahili kituoni na mahakamani, na maneno yake humfikia mtazamaji wa mbali katika lugha nyingine kabisa. Mpelelezi anayefika huko hukutana na matatizo yote ya kazi yake kwa mara moja.

Hoja itajengwa juu ya maswali manne ambayo kila mpelelezi huyauliza: nani, wapi, lini, na umejuaje. Kwa kila swali itaonekana kwamba sarufi ya Kiswahili hairuhusu tu jibu kamili, bali huruhusu pia jibu pungufu lisiloonekana kuwa pungufu.

Nani

Mwanafunzi wa mwaka wa kwanza hufundishwa kwamba mlango ulivunjika si sawa na mlango ulivunjwa. Kauli ya kutendeka huieleza hali bila kumhitaji mtenda. Kauli ya kutendwa humkubali mtenda kuwa yupo, lakini haimlazimishi msemaji kumtaja. Ni pale tu kihusishi na kinapoongezwa, kama katika mlango ulivunjwa na wezi, ndipo mtenda anapotoka gizani. Kwa hiyo Kiswahili kina ngazi tatu za kusema juu ya tukio moja: hakuna aliyetenda, yupo aliyetenda, na fulani ndiye aliyetenda. Mpelelezi huzipanda ngazi hizi kadiri ushahidi wake unavyoruhusu. Akipanda ngazi moja zaidi ya ushahidi, amesingizia. Akishuka ngazi moja chini yake, amefichia.

Filamu mashuhuri kuliko zote zilizopigwa katika eneo hilo pana la Serengeti na Ngorongoro inafaa kuwa mfano. Mwaka 1959 Bernhard Grzimek, Mjerumani, alitoa filamu aliyoitengeneza pamoja na mwanawe Michael, aliyekufa katika ajali ya ndege mwezi Januari mwaka huo huo kazi ikiwa inaendelea, na ambaye kaburi lake liko ukingoni mwa kreta ya Ngorongoro. Filamu hiyo ilipata tuzo ya Oscar ya filamu za hali halisi. Jina lake la Kijerumani lina maana kwamba haifai Serengeti ife. Kitenzi kufa si kitenzi elekezi, kwani kinamtosha yule anayekufa na hakina nafasi ya muuaji. Lakini mtu akiambiwa kwamba kiumbe fulani asife, kwa kawaida hugeuka kutafuta ni nani anayemuua. Grzimek alishikilia kwamba watu hawapaswi kuishi ndani ya hifadhi ya taifa, na waliokuwa wakionekana jirani na mgonjwa huyo walikuwa wafugaji na ng'ombe wao. Nafasi iliyoachwa wazi na kitenzi ikajazwa na mtazamaji. Waswahili wana methali inayoieleza hatari hiyo: mkamatwa na ngozi ndiye mwizi.

Kuna pia tofauti kati ya na na kwa, ambayo wahariri wengi huipita bila kuitazama. Na humtambulisha mtenda, na kwa hutambulisha ala. Tarehe 10 Juni 2022, katika vurugu zilizotokea Loliondo wakati serikali ilipokuwa ikiweka alama za mipaka katika eneo la kilomita za mraba 1,500, askari mmoja wa polisi alipoteza maisha. Mamlaka zilieleza kwamba aliuawa kwa mshale. Mashirika ya haki za binadamu nayo yaliripoti kwamba wanavijiji walijeruhiwa kwa risasi. Sentensi zote mbili zina muundo mmoja: kitenzi katika kauli ya kutendwa, ala imetajwa, mtenda hakutajwa. Kisarufi hazimtuhumu mtu. Kimaana, hata hivyo, mshale una kabila katika fikra za msikilizaji, na risasi ina sare. Ala imefanya kazi ya mtenda bila kuapishwa. Filamu yenye uadilifu inapaswa kulitambua hilo, na kulisema wazi kwamba kuitambua silaha si kumtambua aliyeishika.

Mfano wa tatu ni mtego ambao hata wazawa wa lugha hawauoni mpaka waonyeshwe. Kirai mtu aliyemuua Juma kina maana mbili. Kinaweza kumaanisha mtu ambaye alimuua Juma, na kinaweza pia kumaanisha mtu ambaye Juma alimuua. Kiambishi a- na kiambishi -m- vyote ni vya ngeli moja, na kiima kinaruhusiwa kuja baada ya kitenzi cha rejeshi. Katika mazungumzo ya kawaida muktadha huondoa utata. Katika filamu, ambamo kauli ya shahidi hukatwa ikabaki sekunde nne, muktadha ndio kitu cha kwanza kutupwa.

Hatimaye kuna majina ya watu wenyewe. Tanzania husema zaidi mtuhumiwa, na Kenya husema zaidi mshukiwa. Wote wawili si sawa na mshtakiwa, ambaye amekwisha kufikishwa mahakamani, wala na mhalifu, ambaye hatia yake imethibitishwa. Maneno haya ni vituo katika safari moja, na mtu anaweza kuteremka katika kituo chochote. Wakazi na viongozi wa Loliondo zaidi ya 20 walioshtakiwa mjini Arusha kuhusiana na kifo cha askari huyo walikuwa washtakiwa kwa muda wa takriban miezi mitano. Novemba 2022 Mkurugenzi wa Mashtaka aliyaondoa mashtaka hayo, wakaachiwa huru. Filamu yoyote iliyokuwa imewaita wauaji mwezi Juni isingekuwa na neno la kuwarudishia mwezi Novemba.

Wapi

Watanzania wengi walilisikia jina la Loliondo kwa mara ya kwanza mwaka 2011, maelfu ya wagonjwa walipomiminika kwa mchungaji mstaafu Ambilikile Mwasapila kunywa dawa ya mitishamba kwa shilingi 500 kwa kikombe. Taifa zima lilimwita Babu wa Loliondo. Lakini babu huyo alikuwa akiishi Samunge, kijiji cha Wasonjo kilichoko kusini mwa mji wa Loliondo. Kosa hilo halikumdhuru mtu. Katika uchunguzi wa jinai, kosa la namna hiyo linaweza kuiangusha kesi nzima.

Sarufi ya Kiswahili ni tajiri katika jambo hili. Ngeli ya mahali ina viambishi vitatu: pa- kwa mahali mahsusi, ku- kwa mahali pa jumla, na m- au mu- kwa ndani ya mahali. Anayesema hapa palichomwa boma amenyoosha kidole. Anayesema huku kulichomwa maboma amezungusha mkono. Anayesema humu mlichomwa maboma amechora mpaka na kujiweka ndani yake. Shahidi anayesimulia msiba wake kwa kawaida hutumia ku-, kwa sababu kwake nchi yote ya malisho ni moja. Mahakama humtaka atumie pa- na mu-.

Kesi iliyofunguliwa mwaka 2017 na vijiji vya Loliondo, Ololosokwan kikiwa cha kwanza kutajwa, katika Mahakama ya Haki ya Afrika Mashariki iligusa moyo wa suala hili. Vijiji vililalamikia kufukuzwa kwa watu na kuchomwa kwa maboma. Tarehe 30 Septemba 2022 mahakama ilitupilia mbali shauri hilo, na sababu kubwa ilikuwa kwamba ushahidi haukuthibitisha kuwa matukio yale yalitokea ndani ya ardhi ya vijiji badala ya ndani ya Hifadhi ya Taifa ya Serengeti. Mwezi Novemba 2023 Kitengo cha Rufani cha mahakama hiyo kiliitengua hukumu na kuagiza shauri lisikilizwe upya. Hakuna aliyebishana kama moto una moshi. Mabishano yalikuwa juu ya mu-: humu, ndani ya nini?

Mpelelezi mwenye kamera anapaswa kujifunza kutokana na shauri hilo. Picha ya boma linaloteketea ni nzito machoni, lakini picha peke yake haijui mipaka. Haioneshi kijiji wala hifadhi. Ni sauti ya msimulizi inayopaswa kusema pa-, na kuisema baada ya kupima kwa vifaa vya kupimia, kwa kumwuliza shahidi mlima uko upande gani na mto uko umbali gani, na kwa kurudi naye hadi penyewe.

Zaidi ya hapo kuna majina ya mahali. Eneo lile lile lililokuwa pori tengefu katika nyaraka za serikali ni malisho katika kinywa cha mfugaji. Pori ni mahali pasipo na watu, na malisho hayawezi kuwapo bila mchungaji. Mtengenezaji wa filamu anayechagua neno moja kati ya hayo bila kulitaja la pili amekwisha kutoa hukumu kabla shahidi wa kwanza hajaketi kitini.

Hali ni hiyo hiyo kwa kitenzi hama. Katika tarafa jirani ya Ngorongoro, serikali ilianza mwezi Juni 2022 mpango wa kuwapeleka wakazi Msomera, wilayani Handeni, na ikasisitiza kwamba watu wanahama kwa hiari. Wapinzani wa mpango huo walisema watu wanahamishwa. Kati ya wanahama na wanahamishwa kuna viambishi viwili vifupi, -ish- na -w-, lakini ndani yake mna mgogoro wote: je, kuna anayesukuma au hakuna? Kazi ya filamu ya uchunguzi si kuchagua kiambishi kinachoipendeza, bali ni kwenda kwa kaya moja baada ya nyingine na kuuliza kiambishi kipi kinaistahili.

Lini

Njeo ya wakati uliopita katika Kiswahili sanifu ina kiambishi kimoja kikuu, -li-. Alikamatwa inaweza kuwa leo asubuhi, jana, au miaka arobaini iliyopita. Lugha nyingine za Kibantu, Kikuyu kikiwa mfano, hutofautisha ndani ya kitenzi chenyewe kati ya wakati uliopita wa karibu na wa mbali. Mswahili anayetaka kuwa makini hulazimika kuongeza neno: jana, juzi, tarehe fulani. Asipoongeza, sentensi yake inabaki sahihi kabisa kisarufi.

Kiambishi chenye mvuto mkubwa zaidi kwa msimulizi ni -ka-. Hiki huyafunga matukio katika mnyororo: watu walikusanyika, wakazuiwa, wakapinga, askari akafa, viongozi wakakamatwa. Kazi yake rasmi ni kuonyesha mfuatano. Lakini akili ya binadamu hupenda kuuona mfuatano kuwa ni sababu, hivyo kila tukio katika mnyororo wa -ka- huonekana limezaliwa na lile lililolitangulia. Katika filamu, mkato kati ya picha moja na nyingine ni -ka- isiyotamkwa. Mhariri anapobandika picha ya kiongozi anayehutubia kabla ya picha ya askari anayezikwa, ameandika sentensi yenye -ka-, ingawa hakutumia neno hata moja.

Mfano wa mnyororo uliotolewa hapo juu unaonekana wa kawaida, kumbe una kasoro. Kwa mujibu wa taarifa za mashirika ya haki za binadamu, baadhi ya viongozi walioshtakiwa walikamatwa tarehe 9 Juni 2022, siku moja kabla ya kifo cha askari. Kiungo cha mwisho cha mnyororo, viongozi wakakamatwa, kwa watu hao kilipaswa kuwa cha kwanza. Masimulizi yaliyowekwa kwa utaratibu wa -ka- yalimpa msikilizaji sababu na tokeo. Kalenda ilimpa jambo jingine. Mpelelezi anayeandika matukio yake kwenye karatasi, tarehe na saa upande mmoja, kitendo upande wa pili, kabla ya kuyasimulia, ana nafasi ya kuligundua kosa la aina hiyo. Yule anayeanza na hadithi hana.

Saa nazo hudai uangalifu. Shahidi wa Kiswahili husema saa tatu usiku, akihesabu tangu machweo. Mfasiri wa ugenini akiandika chini ya picha usiku wa saa tatu kwa hesabu ya Kizungu, amelisogeza tukio kwa saa sita, hadi katika kiza cha karibu na alfajiri. Kwa mtuhumiwa ambaye utetezi wake ni kwamba saa hiyo alikuwa mahali pengine, saa sita ni uhai wake.

Itakumbukwa pia kwamba kirejeshi -po- hubeba wakati na mahali kwa pamoja. Alipouawa ni wakati ule alipouawa, na pia ni mahali pale alipouawa. Mshairi huufurahia utata huo. Mpelelezi hana budi kuuvunja vipande viwili na kuuliza swali kwa kila kipande.

Umejuaje

Zipo lugha duniani ambazo kitenzi chake hakikamiliki mpaka msemaji aonyeshe kama aliliona jambo kwa macho, alilisikia, au amelikisia. Kiswahili hakimlazimishi msemaji kufanya hivyo. Kina maneno ya kazi hiyo, na ni mengi: inasemekana, inadaiwa, yasemwa, eti, nasikia, kumbe, huenda. Lakini yote ni ya hiari. Anayeyaacha hakosolewi na mwalimu wa sarufi.

Miongoni mwa maneno hayo, inadaiwa ndilo linalopendwa na vyombo vya habari. Lina sura ya uangalifu, na mara nyingine ni uangalifu wa kweli. Hata hivyo, nalo ni kauli ya kutendwa isiyo na mtenda. Ni nani anayedai? Polisi, jirani, mshindani wa kibiashara, au mtengenezaji wa filamu mwenyewe? Fulani anadaiwa kuua ni sentensi inayomtaja mtuhumiwa kwa jina na kumficha mtuhumu. Kanuni rahisi ingetosha: mahali popote panapowezekana, inadaiwa ibadilishwe kuwa fulani anadai, na pasipowezekana kwa ajili ya usalama wa shahidi, filamu iseme kwa nini haiwezekani.

Loliondo ina mfano wa kihistoria wa jambo hili. Kabla ya wapiga filamu kulifikia suala la vibali vya uwindaji vilivyotolewa huko kwa wageni kutoka Umoja wa Falme za Kiarabu mwaka 1992, suala hilo lilichunguzwa kwa kalamu, na kwa Kiswahili. Mwandishi Stan Katabalo aliliandika katika gazeti la Mfanyakazi, na sakata likapata jina la Loliondogate, kwa kuigiza kashfa ya Marekani ya Watergate. Katabalo alifariki dunia mwaka 1993. Kifo chake kilifuatwa na minong'ono mingi, na hapa ndipo kitenzi kinapopimwa. Mtengenezaji wa filamu atavutwa aseme aliuawa, kwa sababu hadithi ingekuwa kali zaidi. Minong'ono haimpi mtu haki ya kupanda kutoka alifariki hadi aliuawa. Inampa wajibu wa kuchunguza. Na njia bora ya kumheshimu mchunguzi ni kutomtendea asichowatendea aliowachunguza, yaani kumwekea kitenzi ambacho ushahidi haujakifikia.

Waswahili husema lisemwalo lipo, na kama halipo laja. Methali hiyo ni mwanzo mzuri wa uchunguzi, kwa sababu humwamsha mpelelezi asiupuuze uvumi. Ni mwisho mbaya wa uchunguzi, kwa sababu inaukubali uvumi hata ukikosa ukweli: kama halipo, laja. Mpelelezi anayeridhika nayo hatofautiani na anayeneza.

Ulimi wa shahidi

Swali la umejuaje huzidi ugumu pale shahidi anapozungumza lugha moja na filamu ikazungumza nyingine. Tanzania ina kumbukumbu ya mjadala mkubwa juu ya filamu ya namna hiyo. Mwaka 2004 Hubert Sauper, raia wa Austria, alitoa filamu kuhusu biashara ya sangara jijini Mwanza, akiuliza kama ndege zilizokuja kuchukua minofu zilikuwa zikileta silaha. Filamu hiyo ilipendekezwa kwa tuzo ya Oscar mwaka 2006. Mwaka huo huo Rais Jakaya Kikwete aliikosoa hadharani, na mjini Mwanza yalifanyika maandamano ya kuipinga. Watanzania wengi waliiita filamu ya mapanki, kwa jina la vichwa na mifupa ya samaki inayobaki baada ya minofu kuondolewa. Jina hilo linasema mengi. Watu wa Ulaya waliiona filamu ya silaha na utandawazi. Watu wa Mwanza waliona chakula chao na heshima yao. Filamu ilikuwa moja, mashtaka yalikuwa mawili.

Katika Loliondo tatizo lina kina zaidi, kwa sababu Kimaasai si lugha ya Kibantu. Sarufi ya Tucker na Tompo ole Mpaayei, iliyochapishwa mwaka 1955, ilionyesha kwamba katika lugha hiyo kitenzi kwa kawaida hutangulia, na nomino ya mtenda hutofautishwa na nomino ya mtendwa kwa toni. Kupanda na kushuka kwa sauti ndiko kunakosema nani alimtenda nani. Maandishi ya kawaida ya Kimaasai hayaonyeshi toni hizo. Basi mtu akiunukuu ushahidi wa mzee wa Kimaasai karatasini, kisha akamkabidhi mfasiri karatasi badala ya sauti, ameondoa sehemu ya alama iliyomtenganisha aliyetenda na aliyetendwa. Upepo wa nyanda za Loliondo ukivuma ndani ya kipaza sauti unaweza kufanya vivyo hivyo. Hapa fundi sauti na mwanaisimu wana kazi moja.

Sheria ya mwaka 2021 iliifanya Kiswahili kuwa lugha ya mahakama nchini Tanzania. Hatua hiyo ilisubiriwa kwa miongo mingi na inastahili kupongezwa. Lakini kwa bibi wa Kimaasai au wa Kisonjo asiyekijua Kiswahili vizuri, mkalimani bado anahitajika, na mkalimani huyo hufasiri kutoka lugha yenye toni kwenda lugha yenye mnyambuliko. Akisikia mtenda na asipomtia katika kitenzi, ushahidi umepoteza mtu. Akimtia mtenda ambaye shahidi hakumtaja, ushahidi umemzalisha mtu.

Hitimisho

Kutokana na maelezo hayo, mambo matatu yanapendekezwa kwa idara za Kiswahili na kwa shule za uandishi wa habari.

La kwanza, sarufi ya kauli za kitenzi, ya mahali na ya njeo ifundishwe pia kwa mifano ya ushahidi, si kwa sentensi za Juma anacheza mpira peke yake. Mwanafunzi apewe habari tatu za tukio moja, aorodheshe kila kitenzi, na aseme ni mtenda yupi ametajwa, yupi amefichwa na yupi amebuniwa.

La pili, kazi za uchunguzi zilizokwisha kurushwa kwa Kiswahili, zile za Jicho Pevu zikiwa miongoni mwa zile muhimu, zihifadhiwe na kunukuliwa kama matini za utafiti. Pale ambapo uchunguzi mmoja ulisimuliwa kwa Kiswahili na kwa Kiingereza, matini hizo mbili zilinganishwe, ili ijulikane ni lugha ipi ilimtaja nani.

La tatu, wakalimani wa Kimaasai, Kisonjo na lugha nyingine za nchi wafundishwe kwa kushirikiana na wanaisimu, na filamu inayotegemea ushahidi wao ihifadhi sauti ya asili pamoja na tafsiri, ili mtu mwingine aweze kuisikiliza na kuisahihisha.

Washtakiwa wa Loliondo walirudi nyumbani Novemba 2022. Familia ya askari aliyekufa ilibaki na sentensi ile ile ya mwezi Juni: aliuawa kwa mshale. Katika sentensi hiyo nafasi ya na bado iko tupu. Mpelelezi atakayekwenda Loliondo na kamera yake atakuta pande zote zina jina la kuijaza. Wajibu wake ni kuiacha tupu, mbele ya macho ya watazamaji wote, mpaka ushahidi utakapoijaza.